Mlima Kwenye Mwanga, Watu Gizani

Wasanii wenzangu, leo naomba tugombane.

Kuna usemi umezoeleka vijiweni kwa wachoraji hapa Moshi, na ukienda Arusha utaukuta vilevile, kwamba kivuli ni mambo ya Wazungu. Eti picha ya Kiafrika ni rangi tupu: nyekundu iwe nyekundu, kijani kiwe kijani, twiga apewe madoa yake, kwisha kazi. Ukiuliza mwanga kwenye picha hiyo unatoka upande gani, utaambiwa umesoma sana au unaringa. Mimi nimeishia kidato cha nne na uchoraji sikufundishwa na mtu. Kazi yangu ni kuhangaika na riwaya ambayo haitaki kuisha. Lakini swali nitaliuliza tu, maana anayeandika naye anachora. Mwanga unatoka wapi?

Fanya jaribio hili. Siku ukiwa na nafasi pita pale wanapowauzia watalii picha, mjini au kwenye barabara ya kupandia Marangu, usimame mbele ya picha za mlima. Usitazame bei. Tazama Mawenzi iko upande gani wa Kibo. Utashangaa ni picha ngapi zimeiweka kushoto. Sasa geuza shingo, kama asubuhi hiyo haina mawingu, uutazame mlima wenyewe. Mawenzi iko kulia! Mtu aliyesimama Moshi akitazama mlima anatazama kaskazini, mashariki iko mkono wake wa kulia, na Mawenzi ndiyo ya mashariki. Kuiona kushoto ni mpaka uzunguke mlima wote utokee upande wa pili, ng'ambo ya mpaka, Amboseli, Kenya. Huko ndiko zinakopigwa zile picha maarufu, tembo mbele, mgunga mmoja, Kibo nyuma.

Yaani ndugu yangu amekaa Moshi, mlima uko mgongoni kwake, ukimwagia theluji yake bure kila alfajiri, naye anachora mlima wa Amboseli kutoka kwenye kalenda. Sina ugomvi na Kenya. Ugomvi wangu ni kwamba aliyeazima mlima ameazima na mwanga wake. Jioni ya Amboseli jua linapiga mlima kutoka kulia. Jioni ya Moshi linatoka kushoto, upande wa Machame na Siha. Basi unakuta kwenye picha moja mlima una jua la jioni ya Kenya, nyumba ya nyasi iliyowekwa chini yake haina upande wowote wenye kivuli, na wale Wamasai wembamba kama njiti za kiberiti wamesimama kwenye ardhi ya machungwa bila hata alama miguuni. Wanaelea. Mtu asiye na kivuli, kwa wazee wetu, ni nani? Tuache hayo.

Jua letu sisi lina tabia zake, na hazimo katika vile vitabu vya kujifunza kuchora vinavyokuambia uweke mwanga juu kushoto, kivuli chini kulia, kila siku ya Mungu. Tuko kusini ya ikweta kwa nyuzi tatu na ushee. Mwezi wa Desemba jua la saa sita liko kusini yetu, kivuli chako kinaelekea mlimani. Mwezi wa Juni limehamia kaskazini, kivuli chako kinaelekea Nyumba ya Mungu, na makorongo ya upande huu wa Kibo yanashika weusi ambao Desemba huuoni. Katikati ya hapo, kwenye Machi na tena mwanzoni mwa Oktoba, jua linasimama utosini kabisa, kivuli unakikanyaga mwenyewe. Mchoraji aliyekaa hapa mwaka mzima na macho yake angeweza kutuambia mwezi kwa kivuli tu. Nioneshe picha hata moja pale barabarani inayojua ni mwezi gani.

Wapiga picha wasicheke, zamu yao imefika.

Chukua postikadi ya Kilimanjaro, zile za zamani au za juzi. Theluji inang'aa kama meno ya mtoto. Chini yake migomba yote imekuwa weusi mmoja, na kama kuna mtu alikuwa anapita, amepita kama kipande cha mkaa, hujui ni mama au ni kisiki. Ukiuliza, unaambiwa ndivyo mwanga ulivyokuwa. Uongo mtupu! Kamera haiijui theluji wala haimjui mama anayetoka Kiboriloni na mkungu wa ndizi kichwani. Kipimo cha mwanga kilichomo ndani yake kimetengenezwa kikidhani kwamba dunia yote, ukiikoroga pamoja, ni ya kijivu. Ukikielekeza kwenye theluji na mbingu kinaona mwanga umezidi, kinabana tundu la lenzi au kinafyatua upesi zaidi, theluji inapona na kila kilichoko kivulini kinazama. Ukimpimia yule mama, uso wake unatokea, kitenge chake kinatokea, jasho linatokea, na mlima unaungua unabaki karatasi nyeupe. Simu za siku hizi zinajitahidi, zinaunganisha picha mbili tatu kwa mpigo ili kuokoa vyote viwili. Lakini hata hizo, ukigusa kioo penye theluji au ukigusa penye uso, unaiambia simu nani ni muhimu. Mtu alichagua! Kila postikadi ile ina mtu aliyechagua theluji.

Na uchaguzi huu una historia, haukuanza na hao wenye maduka.

Hans Meyer, Mjerumani wa Leipzig, alifika huku mwaka 1887 na kamera, na mwaka uliofuata akatoa kitabu chenye picha 40, jina lake Zum Schneedom des Kilimandscharo, maana yake kuelekea kwenye kuba la theluji. Tangu jina, mnaona macho yalikokuwa. Mwaka 1889 akarudi, akafika kileleni yeye na Ludwig Purtscheller wa Austria, wakapaita pale kilele cha Kaisari Wilhelm. Mwini Amani wa Pangani, aliyekaa nao kwenye baridi ya kambi ya juu, amebaki mstari mmoja mmoja katika vitabu. Sasa sikilizeni jambo la kikemia. Sahani za kioo walizotumia kupigia picha enzi zile zilishika zaidi mwanga wa buluu, nyekundu hazikuiona vizuri. Kwa hiyo anga la buluu lilitoka jeupe, theluji ikatoka nyeupe, vikachanganyika. Na ngozi ya kahawia, ambayo hurudisha wekundu zaidi kuliko buluu, ilitoka nyeusi kuliko ilivyo. Babu zetu walioandamana na kamera zile walikuwa na rangi tofauti tofauti kama sisi, maji ya kunde yupo, mweusi tii yupo. Kwenye sahani wote wakawa rangi moja. Ulaya ikatazama, ikasema, kumbe ndivyo walivyo.

Usidhani flimu ya rangi ilileta nafuu. Kuanzia miaka ya 1950 Kodak iliwapelekea wenye maabara kadi ya kupimia rangi yenye picha ya mwanamke wa Kizungu. Wakaiita Shirley, jina la mfanyakazi wa kampuni aliyepigwa picha hiyo mwanzoni, na hata walipobadilisha wanawake jina likabaki. Ngozi ya Shirley ikitoka sawa, basi mashine iko sawa, safisheni picha za watu. Picha za darasa zenye watoto weusi na weupe zilikuwa zinatoka na watoto weusi wenye meno na macho tu. Mnajua ni nani waliolalamika mpaka kampuni ikasikiliza? Watengeneza chokoleti na wauza fanicha. Wao walitaka kahawia zao zionekane moja moja, mninga usifanane na mvule, chokoleti ya maziwa isifanane na ya giza. Meza ilipata haki kabla ya mtu. Kadi yenye wanawake wa rangi mbalimbali ilikuja katikati ya miaka ya 1990.

Kuna pia kisa cha Polaroid, na hiki kila mwenye kamera akijue. Walikuwa na mashine ya kupigia picha za vitambulisho, iliyokuwa na kitufe cha kuongeza nguvu ya flashi. Mashine hizo zilifanya kazi Afrika Kusini, kwenye vile vitabu vya pasi ambavyo mtu mweusi alilazimika kutembea navyo ndani ya nchi yake. Mwaka 1970 wafanyakazi wawili weusi wa kampuni hiyo huko Marekani, Caroline Hunter na Ken Williams, waligundua biashara hiyo wakaanzisha mapambano, na mwaka 1977 Polaroid ikaondoka Afrika Kusini. Kwa hiyo msiniambie teknolojia ilishindwa kuona uso mweusi. Ilipotakiwa kumuona ili akamatwe, mwanga uliongezwa.

Halafu tunakuja kwetu, mwaka huu, mjini hapa. Studio moja, jina nalihifadhi, nilikwenda kupiga picha za paspoti za kuambatanisha na barua ya kazi. Nikarudishiwa picha nne za mtu mwenye uso wa sembe. Masikio yalibaki yangu, shingo yangu, uso wa nani sijui. Pua haikuwa na upande, mashavu hayakuwa na upande, yote yamesawazishwa kama ukuta uliopigwa chokaa. Nilipouliza, yule kijana akanijibu kwa upole kabisa: "Nimekung'arisha bwana mdogo, hapo umependeza." Kungʼarisha! Alichokifanya ni kunifuta kivuli. Mfupa wa shavu unaonekana kwa sababu chini yake kuna kivuli. Ukiondoa kivuli umeondoa mfupa, na ukiondoa mfupa umeniondolea mama yangu, maana ni wake. Na harusini ndiyo usiseme, bibi harusi wa Kirua anatoka kwenye albamu kama aliyechovywa kwenye maziwa, na flashi imempiga usoni mpaka nyuma yake ukumbi umekuwa shimo.

Sasa najua watakaonijibu. Nawasikia: "Mbona Ntiro hakuweka vivuli?" Hapo ndipo nilikuwa nawasubiri.

Sam Ntiro alizaliwa Machame mwaka 1923. Akasoma Makerere kwa Margaret Trowell, yule mama wa Kiingereza aliyewasomea wanafunzi hadithi wakachora walichokiona kichwani, badala ya kuwapa picha za Ulaya wanakili. Mwaka 1952 akaenda London, chuo cha Slade, akakaa mpaka 1955. Pale Slade walichora watu walio hai wamekaa mbele yao, na kivuli cha bega na cha shingo ndicho mkate wa kila siku. Halafu akarudi kwenye vilima vyake vya kijani, watu wadogo wadogo wanavuna, wanajenga, wanakwenda sokoni, mwanga umeenea kila mahali sawasawa, hakuna anayependelewa. Wazungu wengine wakasema anachora kama mtoto. Mtu huyu amekuwa Balozi wetu wa kwanza London baada ya Uhuru, kuanzia 1961 mpaka 1964! Alijua kivuli ni nini. Alikijua, akakipima, akakiweka pembeni kwa sababu alitaka kijiji kizima kionekane kwa pamoja, mvunaji na mpita njia. Hiyo inaitwa kukataa. Na mtu hawezi kukataa chakula ambacho hajaletewa mezani. Wewe wa kalenda ya Amboseli hukukataa kivuli, hujawahi kukutana nacho.

Tena angalieni picha yake iliyofika mbali kuliko zote. Ni ya mwaka 1956, na jina lake kwa Kiswahili ni "Wanaume Wakipeleka Pombe ya Ndizi kwa Bibi Harusi Usiku". Usiku, jamani. Mtu aliyesifika kwa mwanga uliotulia alichagua safari ya mbege gizani. Anayedai kwamba picha yetu ni rangi angavu tu na aanze kwa kuieleza hiyo. Na kuhusu usiku, nimechekeshwa siku moja kusoma kwamba ile picha kubwa ya Rembrandt ya mwaka 1642, ambayo dunia nzima inaiita Doria ya Usiku, si ya usiku hata kidogo. Ni mchana. Vanishi iliyopakwa juu yake ilizeeka ikawa nyeusi, watu wakaipa jina la giza, na ilipokuja kusafishwa miaka ya 1940 mchana ukaonekana. Kwa hiyo Mholanzi alipewa usiku kwa uchafu. Mmachame aliuchora usiku kwa kutaka.

Mwingine atanitajia Tingatinga. Nae namheshimu. Edward Saidi Tingatinga alikuja kutoka Tunduru, na mwaka 1968 Oysterbay akaanza kuchora kwa rangi ya kung'aa, ile ya baiskeli, juu ya vipande vya silingibodi, kwa sababu ndivyo alivyovipata. Alipiga rangi moja nyuma, mnyama mmoja mbele, basi. Alivumbua. Mwaka 1972 risasi ya polisi ikamuua kwa makosa, hajachora hata miaka mitano kamili. Zaidi ya nusu karne imepita tangu hapo, na watu bado wanapiga rangi moja nyuma wakidai wanafuata nyayo. Nyayo gani? Yeye hakuwa na wa kumfuata!

Nirudi mlimani, maana wenye kusema kivuli si chetu inaonekana hawajapanda hata Uru. Kihamba ni nini kama siyo kivuli kilicholimwa? Juu kabisa kuna mruka na mringaringa, chini yake migomba, chini ya migomba kahawa, chini ya kahawa magimbi. Ghorofa nne za majani, na mwanga unashuka ngazi kwa ngazi ukipungua. Wazee hawakuyapanga hayo kwa urembo. Kahawa inataka kivuli chake, udongo unataka unyevu, na heka moja ilitakiwa ilishe nyumba nzima. Saa nane mchana mjini bati linachoma macho, lakini panda daladala mpaka Kibosho au Old Moshi, ingia chini ya migomba, uone. Mwanga wa pale ni wa kijani. Unapita katikati ya jani la mgomba kama unavyopita kwenye chupa. Unaanguka chini vipande vipande, unatembea na upepo, unapita juu ya mgongo wa mtu anayepalilia, doa kwenye bega, doa kwenye jembe, uso haupo, uso huo hapo, umepotea tena. Mfereji ukipita karibu, maji yanaurudisha mwanga juu, unacheza chini ya majani na chini ya kidevu cha mtoto anayechota. Nani amechora hiki? Ni vitu vya kila siku, havina kiingilio, na mkoa mzima umejaa watu wanaojiita wachoraji.

Lugha yenyewe imetutangulia. Kiswahili kina kivuli, kinachokufuata, na kina uvuli, unaoukalia. Mtu hukaa uvulini kwa mwenzake akapoa. Na neno mwanga, mnalijua, lina maana mbili: ni nuru, na ni yule anayekwenda uchi usiku kwenye makaburi. Lugha iliyoweka vyote viwili katika neno moja haiwezi kuwa lugha ya watu wasiojua giza.

Kuna Mwitaliano mmoja, Caravaggio, aliyefanya kazi Roma karibu na mwaka 1600. Katika kanisa la San Luigi dei Francesi kuna picha yake ya Yesu akimwita Mathayo mtoza ushuru. Chumba ni cha giza, watu wamekaa mezani wanahesabu pesa, na mwanga unaingia kutoka kulia, juu ya mkono wa Yesu, unakwenda mpaka kwenye nyuso zao. Mwanga ndio unaoita. Watu wanaitazama wanasema, ah, Ulaya hiyo. Ulaya gani! Bibi yangu jikoni kwake, nyumba haina dirisha, mlango mmoja, mafiga matatu, moshi. Mwanga wa mlangoni unamshika nusu ya uso, moto unamshika kidevu kutoka chini, na mikono inayogeuza ndizi inaingia mwangani na kutoka. Kila jioni, miaka na miaka. Caravaggio akizaliwa Uru Kaskazini hapati shida ya kutafuta kazi. Elimo Njau wa Marangu alishatuonesha, zaidi ya miaka 60 iliyopita, alipochora maisha ya Yesu kwenye kuta za kanisa kuu la Murang'a kule Kenya na kumweka Yesu mweusi katikati ya vilima vya Waafrika. Baada yake sisi tumerudi kwenye twiga.

Na msifikiri waandishi mmepona. Nimesoma hadithi za vijana wenzangu, hata za humu. Kijiji kila mara ni "cha kupendeza", jua "linachomoza kwa madaha", msichana ni "mzuri kama mwezi". Mwanga wa postikadi! Hakuna aliyeniambia msichana yule alikuwa amesimama mlangoni jua likiwa nyuma yake, kwa hiyo kijana aliyekuja kumposa hakuuona uso wake, akaposa umbo. Hapo hadithi ingeanza. Anayetaka kuandika na atazame kwanza nani katika chumba kile yuko mwangani, na kwa nini ni yeye.

Mnakumbuka hadithi tuliyosimuliwa wote. Mawenzi moto wake ulizimika, akaenda kwa Kibo kuomba kaa la moto. Akapewa, na ndizi kavu juu. Akaona utamu, akarudi tena, akarudi tena, mpaka Kibo akachoka, akachukua mchi akamtwanga nao. Ndiyo maana mpaka leo Mawenzi ana meno yaliyovunjika, mweusi, hana theluji ya kudumu, na mawingu anayapenda kwa aibu. Katika hadithi ya wazee ndugu ni wawili, mwenye moto na asiye na moto, na huwezi kumsimulia mmoja peke yake. Tazama postikadi ngapi zimemkata Mawenzi. Amekatwa kwa mkasi! Pamebaki Kibo na weupe wake, na weupe wenyewe ni wa zamani, maana kati ya mwaka 1912 na 2007 barafu ya mlima ilipungua kwa asilimia 85, lakini kofia iliyoko kwenye picha za kuuza haijapungua hata inchi.

Limebaki jibu la mwisho, na ndilo ninaloliheshimu zaidi, kwa sababu lina njaa ndani yake. "Kaka, watalii hawanunui giza. Nina watoto." Sawa. Mimi mwenyewe sijauza hata ukurasa, siwezi kumcheka mtu anayelipa kodi ya chumba kwa brashi. Lakini tuongee biashara basi. Umekaa kwenye mstari wa meza kumi na tano, zote zina Kibo ileile, morani walewale, machweo yaleyale ya machungwa. Mtalii anachagua kwa kigezo gani? Bei. Anakwenda meza ya kwanza mpaka ya mwisho akishusha, na wa mwisho anauza kwa hasara ili apate nauli ya kurudi Pasua. Mwaka 1960 Jumba la Sanaa za Kisasa la New York lilipotaka picha ya mtu wa Machame, nadhani walikuwa na twiga wa kutosha kwenye bustani zao za wanyama. Walichukua ile ya mbege, ya usiku.

Nimeshaongea na vijana wawili wanaochora na mmoja mwenye kamera. Jumamosi tunapanda Old Moshi kwa daladala ya asubuhi, tunakaa kihambani mpaka saa kumi na moja, bila kalenda. Mwenye kamera ameambiwa aje na shuka jeupe, la kurudishia mwanga kwenye nyuso wakati jua liko utosini. Anayetaka kuja atukute stendi saa moja, na chakula chake.